JASUSI NDANI YA MTI: sinema bubu za kuchekesha na ugonjwa wetu wa kushukiana

Najua wengi mliofungua hapa mnasubiri fumbo. Staa gani kaonekana na nani, wapi, saa ngapi, na kwa nini alivaa miwani ya jua saa nne usiku. Fumbo lipo, tulieni, litakuja. Leo naomba niwape kitu kingine ambacho kimenikaa kichwani mwezi mzima. Mkisoma mpaka chini mtaona wenyewe kwamba wala hakiko mbali na mafumbo yetu.

Nataka tuongelee mashushushu. Hawa wa sasa tuwaache na kazi zao, mimi nawataka wale wa miaka mia iliyopita, wa kwenye sinema zisizo na sauti. Zile za nyeusi na nyeupe ambazo watu wanatembea harakaharaka kama kuna mtu kawawashia moto visiginoni. Tena nazungumzia za kuchekesha. Maana kuna kipindi, kuanzia Vita Kuu ya Kwanza na miaka kumi hivi iliyofuata, wachekeshaji wakubwa wa dunia walipenda sana habari za ujasusi. Mmoja anajifanya jasusi, mwingine anamsaka jasusi, mwingine ni mtu wa watu tu kajikuta katikati ya vita vya wakubwa hajui hata kaingiaje.

Mtaniuliza nimezijulia wapi. Nimezijua kwa sababu ya shangazi yangu. Shangazi tunakaa naye nyumbani na masikio yake yamepungua sana. Tamthilia za kwenye televisheni zinamuudhi, kila dakika ni "Wanasema nini hao?", na ukimjibu anasema unampigia kelele. Siku moja binti yangu, yuko kidato cha kwanza, akapakua hizi sinema za zamani kwenye simu. Nyingi zimeshatoka kwenye hakimiliki kwa hiyo zinapatikana bure. Akaziunganisha kwenye televisheni, akamwambia, "Bibi, hapa wote hatusikii, tuko sawa." Jamani! Shangazi alicheka mpaka akaomba maji. Tangu siku hiyo kila Jumamosi jioni ni sinema bubu, na yale maandishi ya Kiingereza yanayokatisha picha, binti yangu anamwandikia kwa Kiswahili kwenye daftari. Kama wale watafsiri wa mabanda ya video, ila huyu wa kwetu anatafsiri kwa kalamu.

Ya kwanza kumshika shangazi ilikuwa ya Charlie Chaplin, inaitwa Shoulder Arms. Ilitoka Oktoba 1918, vita vikiwa bado havijaisha. Chaplin humo ni mwanajeshi wa Marekani, mzembe mzembe, miguu haimsikii kwenye gwaride. Siku wanaomba mtu wa kujitolea kwenda nyuma ya mistari ya Wajerumani, na yeye anajitolea. Anakwendaje? Amejivika mti. Ndiyo, mti! Gogo kubwa lenye matundu ya macho, mikono ndiyo matawi. Anasimama shambani katulia, wanajeshi wa Kijerumani wanakuja kupumzika karibu yake, na kila mmoja akigeuka anapigwa tawi la kichwa. Halafu anakuja jitu moja lenye shoka linatafuta kuni. Linaangalia miti, linachagua, linauona ule mti wetu. Shangazi hapo alishika kanga yake mdomoni akasema, "Huyo anakatwa!"

Hapo ndipo nilipoanza kufikiri. Kwenye sinema za kijasusi za kawaida, zile nzito, mtazamaji unawekwa upande wa wawindaji. Unaangalia kila uso na wewe unajiuliza: ni huyu? Ni yule? Mbona huyu anageuka nyuma? Ukitoka ukumbini umeshafundishwa kushuku. Lakini kichekesho kinakuchukua kinakuweka ndani ya mti. Unatazama dunia kupitia yale matundu mawili, na shoka linakuja upande wako. Cheko lako linatoka humo humo kwenye hofu.

Na sinema bubu ziliifaa sana kazi hii kwa sababu ya kukosa sauti kwenyewe. Hadithi ya jasusi ni hadithi ya siri, na siri kwa kawaida ni kitu cha kunong'onezana. Sasa kama hakuna sauti unanong'onaje? Inabidi siri yenyewe ionekane. Iwe ramani, iwe barua, iwe ndevu za bandia, iwe jicho kwenye tundu la ufunguo. Mtazamaji unaona kila kitu, wahusika hawaoni kitu. Shangazi kila mara anapiga meza: "Yuko nyuma yako, mjinga wewe!" Hasikii, lakini anaona kuliko jenerali mzima.

Tukumbushane kidogo hali ilikuwaje, ili mjue kwa nini mambo haya yalikuwa ya moto. Kule Uingereza hofu ya majasusi wa Kijerumani ilianza hata kabla ya vita. Mwaka 1909 mwandishi mmoja, William Le Queux, alitoa kitabu kilichojaa mashushushu wa Mfalme wa Ujerumani waliotapakaa nchi nzima, na mwaka huohuo serikali ikaanzisha ofisi ya siri ambayo baadaye ilizaa MI5. Majasusi wa kweli walikuwepo, tusidanganyane. Wakati wa vita 11 walipigwa risasi palepale kwenye ngome ya Tower of London, wa kwanza Novemba 1914. Ila hofu ilikuwa kubwa mara elfu kuliko majasusi wenyewe. Mhudumu wa hoteli mwenye lafudhi ya kigeni ni jasusi. Kinyozi ni jasusi. Hata mbwa wale warefu wenye miguu mifupi, kwa kuwa asili yao ni Ujerumani, walitazamwa kwa jicho baya.

Wachekeshaji wakaona hapo kuna mali. Mwaka 1914 mchekeshaji wa Kiingereza Fred Evans, mwenyewe akijiita Pimple, alitoa Lieutenant Pimple and the Stolen Submarine. Wakati ule zilikuwepo sinema za shujaa mmoja wa jeshi la majini aitwaye Lieutenant Daring, shujaa kwelikweli, kifua mbele. Pimple akamgeuza mchezo, kwa bei chee kabisa, vifaa vinaonekana wazi vimeungwaungwa. Mwaka 1915 Marekani nayo ikatoa A Submarine Pirate. Sydney Chaplin, kaka yake Charlie, humo ni mhudumu wa mgahawa anayetega sikio kwenye mazungumzo ya watu wanaopanga kuteka meli ya dhahabu kwa nyambizi. Mbea wa mgahawani anaishia kuvaa sare ya ukubwa jeshini. Wambea wenzangu, mmeona tulikotoka?

Kisha kuna ile ya Mack Sennett ya 1919, Yankee Doodle in Berlin. Rubani wa Kimarekani anapenya kwa Wajerumani akiwa amevaa kike, na Mfalme wa Ujerumani mwenyewe, mwanawe na jenerali wake wote wanamtamani. Aliyecheza nafasi hiyo, Bothwell Browne, alikuwa maarufu jukwaani kwa kuigiza wanawake. Shangazi hakuamini kabisa. "Huyo mwanamke bwana, msinidanganye." Tukarudisha nyuma mara tatu.

Lakini iliyo bora kuliko zote, kwangu mimi, ni The General ya Buster Keaton, ya 1926. Keaton ni yule asiyecheka. Uso wake kama mtu anayesubiri majibu ya hospitali. Humo anaitwa Johnnie, dereva wa treni upande wa Kusini katika vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe. Anapenda vitu viwili tu duniani: kichwa chake cha treni, na binti aitwaye Annabelle. Anakwenda kujiandikisha jeshini, anakataliwa, na hawamwambii sababu. Sababu ni kwamba akiwa dereva ana faida zaidi. Annabelle anadhani jamaa kaogopa, anamnunia.

Basi siku moja treni imesimama abiria wapate chakula, wanatokea majasusi wa Kaskazini waliovaa kiraia, wanaiba kichwa cha treni na Annabelle yumo ndani kwa bahati mbaya. Johnnie anaanza kukimbiza. Kwa miguu kwanza! Halafu kwa kitoroli cha reli, kwa baiskeli, mwisho kwa treni nyingine. Kuna mahali yuko juu ya behewa anapasua kuni za kulishia moto, kainama. Nyuma yake jeshi lake lote linakimbia kurudi nyuma, kisha jeshi la adui lote linapita kwenda mbele, na yeye bado anapasua kuni. Anakuja kuinua kichwa, yuko katikati ya maadui, peke yake. Kaingia nchi ya adui bila kujua, kisa kuni.

Usiku anaingia kwenye nyumba moja kutafuta chakula, anajificha chini ya meza. Kumbe hiyo nyumba ndiyo makao ya majenerali, na wanakuja kukaa mezani hapohapo kupanga mashambulizi. Mmoja anachoma kitambaa cha meza kwa sigara, kinatoboka. Johnnie anaweka jicho kwenye lile tundu, na anamwona Annabelle analetwa chumbani kama mateka. Tundu moja dogo la sigara, na ndani yake lipo jicho moja tu. Hakuna neno lililosemwa. Hapo shangazi hakucheka. Alinyamaza, akasema taratibu, "Maskini."

Sasa wadau, kitu ambacho wengi hawajui: kisa hiki kilitokea kweli. Tarehe 12 Aprili 1862, James Andrews na wenzake wapatao 20 hivi waliteka treni iliyovutwa na kichwa kiitwacho General, mahali panaitwa Big Shanty, jimbo la Georgia. Wakakimbizwa kweli, na mkuu wa treni yule alianza kuwakimbiza kwa miguu kweli. Wakakamatwa. Na kwa kuwa walikuwa wamevaa kiraia, wakahesabiwa majasusi. Mwanajeshi aliyekamatwa na sare yake ni mateka, anafungwa. Aliyekamatwa na shati la kawaida ni jasusi, ananyongwa. Wanane walinyongwa, Andrews akiwa mmojawapo. Wengine waliosalimika wakawa watu wa kwanza kabisa kupewa Medal of Honor, nishani ya juu kabisa ya ushujaa nchini Marekani, mwaka 1863. Watu haohao, kazi hiyohiyo. Upande mmoja kamba shingoni, upande mwingine nishani kifuani.

Ukishajua hivyo, utamwangalia Johnnie kwa jicho jingine pale anapovaa sare ya adui aliyoiiba ili atoroke na mpenzi wake. Kakosea kitu kimoja tu, hicho kitambaa kinampeleka kwenye kamba. Keaton hakuhubiri juu ya hilo. Anamfanya tu jamaa ajikwae, akae, ainuke, avae koti la huku na kofia ya kule. Na pesa ilimwagwa: mwezi Julai 1926, huko Cottage Grove, Oregon, walipitisha kichwa cha treni cha kweli kwenye daraja linalowaka moto, kikaporomoka mtoni mbele ya kamera, mara moja tu, hakuna kurudia. Chuma kile kilikaa mtoni miaka mpaka Vita Kuu ya Pili, wakakitoa kuwa chuma chakavu. Na sinema yenyewe ilipotoka haikulipa! Wakosoaji waliisema vibaya. Leo inahesabiwa kati ya sinema kubwa kuliko zote za wakati wake.

Ngoja niwarudishe Uswahilini kidogo, maana kuna kitu kilinijia usiku ule wa jicho na kitambaa.

Nilipokuwa darasa la sita tulikuwa tumepanga Temeke, nyumba ya vyumba vinane, choo kimoja, bomba moja. Akaja kupanga kaka mmoja chumba cha uani. Jina lake nalihifadhi. Mpole, msafi, ila haongei. Ukimsalimia anainua mkono na kutabasamu. Simu yake ikilia anatoka nje kabisa mpaka kwenye mwembe wa jirani, na huko anazungumza kaupa watu mgongo. Anaondoka saa tatu usiku na begi, anarudi alfajiri. Wiki mbili hazikuisha, watu wameshapanga kesi. Wengine wakasema, "Huyo usalama huyo." Wengine wakasema anauza unga, maana kuna asubuhi alionekana na vumbi jeupe kwenye viatu. Bombani kina mama wakimwona anakuja wananyamaza wote kwa mkupuo. Na yeye alikuwa anaona. Huwezi usione.

Siku polisi walipovamia na kumkamata jirani aliyekuwa anauza gongo, basi ikawa imethibitika. Nani kamchoma? Jioni wanaume sita au saba wakaja mlangoni kwake, wawili na marungu. Mama mwenye nyumba akasimama katikati. Wanauliza, "Wewe ni nani? Unafanya kazi gani? Nani kakutuma?" Kaka wa watu anafungua mdomo, hakitoki kitu. Shingo inakakamaa, midomo inatetemeka, sauti haitoki. Na wao kadiri anavyonyamaza ndivyo wanavyozidi kuamini. "Si mnaona? Angekuwa hana kosa angesema!"

Akaingiza mkono kwenye begi. Watu wakaruka nyuma, mtu kashika rungu juu. Akatoa kalamu na karatasi ya kufungia mikate. Akaandika akiegemea ukuta, akampa mama mwenye nyumba. Mama miwani hana, akanipa mimi nilikuwa nimesimama karibu. Nikasoma kwa sauti: "Nina kigugumizi. Nafanya kazi bekari usiku. Sijamsema mtu yeyote." Unga ulikuwa unga wa ngano, wadau. Na simu alikuwa anapokelea mwembeni ili tusimsikie anavyohangaika na neno moja.

Watu wakatawanyika mmoja mmoja. Mmoja akacheka kidogo, kile kicheko cha kukosa pa kuweka uso. Mwisho wa mwezi kaka akahama. Mama mwenye nyumba alimrudishia kodi ya miezi iliyobaki, jambo ambalo sijawahi kuliona likifanyika tena Dar es Salaam.

Nawaambia haya kwa sababu wale waliotengeneza vichekesho vya ujasusi walikuwa wanafanya kazi yao huku mambo kama haya yakiendelea nje ya ukumbi, na mengine hayakuishia kwenye karatasi ya mkate. Marekani ilipoingia vitani 1917 ilipitisha sheria ya ujasusi, na raia wapatao 250,000 wakajiunga na chama cha kujitolea kilichoitwa American Protective League, kazi yao kuwachunguza majirani. Aprili 1918, Collinsville, jimbo la Illinois, mchimba makaa ya mawe mzaliwa wa Ujerumani, Robert Prager, alitolewa na kundi la watu akanyongwa kwenye mti kwa kudhaniwa ni adui. Hakukuwa na ushahidi wowote. Watu 11 wakashtakiwa, wote wakaachiwa.

Na watu wa sinema nao hawakupona. Robert Goldstein, mtayarishaji mwenye asili ya Ujerumani, alitengeneza filamu iitwayo The Spirit of '76 kuhusu Wamarekani walivyopigania uhuru kutoka kwa Waingereza. Habari za 1776! Tatizo ni kwamba humo askari wa Kiingereza walionyeshwa wakifanya ukatili, na mwaka 1917 Mwingereza alikuwa rafiki. Goldstein akashtakiwa kwa sheria ileile ya ujasusi, akahukumiwa miaka 10 jela, baadaye ikapunguzwa kuwa mitatu. Filamu yenyewe leo haipo, imepotea.

Sasa pimeni wenyewe. Aprili 1918 mtu ananyongwa kwenye mti. Oktoba mwaka huohuo Chaplin anatoka kwenye sinema akiwa ndani ya mti, na nchi nzima inacheka. Sisemi alikuwa anamjibu mtu. Mwenyewe alionywa asifanyie mzaha vita, na tayari kuna waliokuwa wanamtumia manyoya meupe, alama ya kumwita mwoga, kwa sababu hakwenda jeshini. Lakini alimpa kila mtu ukumbini nafasi ya kukaa dakika kadhaa mahali pa anayetafutwa. Na mwisho wa sinema, baada ya kumteka Mfalme wa Ujerumani mwenyewe, anaamshwa. Yupo kambini bado, kwenye hema, alikuwa amelala. Ushujaa wote ulikuwa ndoto ya mtu aliyechoka na gwaride.

Kuna na sinema moja isiyo ya kuchekesha ambayo inafunga hesabu hii vizuri. Spione ya Fritz Lang, Ujerumani, 1928. Mkuu wa majasusi ni tajiri wa benki ambaye kila mtu anamheshimu. Anasakwa weee, mwisho wanamkuta wapi? Jukwaani, kajipaka rangi usoni, anacheza uchale. Akishaona kazungukwa anatoa bastola anajipiga, na watazamaji wanapiga makofi wakidhani ni sehemu ya mchezo. Kila nikilisikia neno letu chale namkumbuka Charlie, na tangu niione hiyo namkumbuka na huyu. Chale mmoja alijificha kwenye mti tukacheka naye. Mwingine alijificha kwenye uchale, na hakuna aliyemshuku, kwa sababu watu walikuwa wanatafuta majasusi mahali pengine.

Na huyo Charlie yakamfika kweli. Kwa miaka mingi FBI walimfuatilia wakimshuku ni mkomunisti. Faili lake likafika karibu kurasa 2,000. Mwaka 1952, akiwa melini anakwenda Uingereza, Marekani ikamfutia ruhusa ya kurudi. Akaenda kuishi Uswisi. Wamarekani wakawaomba MI5 wa Uingereza wamchunguze, wajue hata jina lake la kweli ni lipi na kazaliwa wapi. Mafaili hayo yalifunguliwa kwa umma mwaka 2012, na yanaonyesha mashushushu wale walitafuta cheti cha kuzaliwa cha mtu anayejulikana dunia nzima, wasikipate. Mwisho wakaandika tu kwamba hawaoni hatari yoyote kwake. Alirudi Marekani mwaka 1972, mzee wa nywele nyeupe, kupokea Oscar ya heshima. Ukumbi mzima ulisimama ukampigia makofi muda mrefu. Miaka 20 ilikuwa imepita.

Nilipomsimulia shangazi hilo, kwa daftari, aliuliza swali moja: "Kwa hiyo walimtafuta mtu ambaye kila mtu anamwona?" Ndiyo shangazi. Ndivyo.

Haya, tuje kwetu. Ukurasa huu chakula chake ni watu wasiotajwa majina. Mimi natupa fumbo, nyie mnajaza maoni: "ni yule wa Sinza," "hapana, ni yule mwenye gari jeupe," "mwenye macho haambiwi tazama." Nayapenda, sitaacha, na najua mkikosa mtanihama. Ila tuelewane: fumbo ni raha likiwa mchezo wa mezani, sote tumekaa, chai ipo, tunacheka. Likishapata rungu si fumbo tena. Kwa hiyo kuanzia sasa, maoni yanayotaja nyumba ya mtu, anapofanya kazi au watoto wake wanaposoma, nayafuta bila kuuliza. Bishaneni kuhusu gauni, kuhusu wigi, kuhusu penzi la nani limekufa. Mlangoni kwa mtu tusifike.

Jumamosi hii tunarudia The General kwa maombi ya shangazi, anataka kuliona tena lile treni linavyotumbukia mtoni. Mwenye nafasi naye aitafute, ni saa moja na kidogo tu, na huhitaji kusikia kitu.

Na nyie huko mtaani kwenu, nani aliwahi kuitwa usalama kumbe wala? Tiririkeni hapo chini. Majina hapana, kama kawaida yetu.